Aliyeruka kwa Niaba ya Bruce Lee

Sisi tuliokuwa bwenini miaka ya 1990 tunakumbuka tulivyokuwa tukitoroka Jumamosi kwenda banda la video. Jioni moja, ikionyeshwa Enter the Dragon ya mwaka 1973, mwenzetu mmoja alisema kwamba anayepiga samasoti ya kinyumenyume siye steringi. Tulimzomea hadi akanyamaza.

Aliyeruka pale ni Yuen Wah, mzaliwa wa Hong Kong wa mwaka 1950. Alilelewa katika shule ya bweni ya opera ya Kichina, chini ya mwalimu Yu Jim-yuen. Ilikuwa shule ya fimbo. Watoto walisimama kwa mikono, miguu juu, muda mrefu. Walifunzwa kuimba, kupigana kwa silaha na kuruka sarakasi. (Sisi tulilalamikia mchakamchaka!) Wengi wao walipewa jina la Yuen kutokana na jina la mwalimu. Miongoni mwa wenziwe walikuwamo Sammo Hung, Yuen Biao na Jackie Chan.

Opera ilipopungukiwa watazamaji, vijana hao walikimbilia sinema, na huko wakapewa kazi ya kuanguka. Bruce Lee alikuwa bingwa wa ngumi na mateke, lakini samasoti haikuwa fani yake. Basi Yuen Wah akavaa nguo kama zake katika Fist of Fury (1972), kisha Enter the Dragon, akaruka huku kamera ikikwepa uso wake. Kazi hiyo ina sharti gumu: ukiifanya vizuri, hakuna atakayejua kuwa ulikuwapo.

Bruce Lee alifariki tarehe 20 Julai 1973. Yuen Wah aliendelea kuruka na kuanguka, na miaka ya 1980 uso wake ukaonekana, ila kama adui. Katika Eastern Condors (1987) na Dragons Forever (1988) anapambana na wale wale aliosoma nao. Katika Kung Fu Hustle (2004) ni mwenye nyumba anayemwogopa mkewe, na mwaka 2005 sehemu hiyo ilimpatia tuzo ya Hong Kong ya mwigizaji msaidizi bora. Alikuwa amepita miaka 50.

Yule mwenzetu sijamwona tangu tumalize kidato cha nne. Akifika kwenye mkutano wetu, aje mezani kwangu. Soda ni juu yangu.