Bundi, simba, kakakuona: Wanyama wa karata za tarot na maana zao Handeni na Korogwe

Bundi akilia juu ya paa usiku, iwe Handeni au Korogwe, hakosekani mtu ndani ya nyumba wa kusema kuna msiba unakuja. Kwingine duniani bundi huyohuyo amechorwa kwenye karata, na anayemwokota anaambiwa ana hekima.

Karata hizo zinaitwa tarot. Siku hizi zipo hadi kwenye programu za simu, na baadhi ya seti zimejaa picha za wanyama mwanzo mwisho. Hawa hapa watano, maana zao kwenye karata na maana wanazopewa huku kwetu.

Tarot ni nini?

Ni seti ya karata 78. Kati ya hizo, 22 ni karata kuu, kama Jua, Mwezi na Kifo. Zilizobaki 56 zimegawanywa mafungu manne, kila fungu karata 14. Zilianza kaskazini mwa Italia karne ya 15 na zilikuwa za mchezo tu. Mambo ya kubashiria yalishika kasi Ufaransa karne ya 18.

Seti maarufu zaidi ilitoka London mwaka 1909, michoro ikiwa ya Pamela Colman Smith. Humo mbwa anaandamana na Mjinga, na simba yuko kwenye karata ya Nguvu.

Huku kusoma dalili kwa wanyama kulikuwepo bila karata. Kiswahili chenyewe kinaonyesha: neno "ndege" lina maana pia ya dalili ya jambo linalokuja. Ndiyo maana unasikia mtu akisema "hiyo ndege mbaya".

1. Simba

Kwenye karata: Mwanamke anamshika simba kinywa bila silaha. Maana yake ni ujasiri na kujitawala, si ubabe.

Huku: Simba ni utawala. Masimulizi ya Wasambaa yanamtaja Mbegha, mwindaji aliyetoka Nguu, upande ambao leo ni Wilaya ya Kilindi, iliyomegwa kutoka Handeni mwaka 2002. Alifukuzwa kwao kwa sababu meno ya juu yalitangulia kuota, jambo lililohesabiwa mkosi. Akaenda Usambara, akaua nguruwe waliokuwa wakimaliza mazao, akaua na simba. Watu wa Vugha wakamfanya mtawala, na wafalme wa ukoo wake wakaitwa Simba Mwene. Aliyeonekana nuksi kwao akawa mfalme kwa wengine.

2. Bundi

Kwenye karata: Hekima, na kuona yaliyofichika.

Huku: Kifo au mjumbe wa mchawi. Akionekana karibu na nyumba anafukuzwa kwa mawe, na akishindwa kuruka anauawa.

Hasara inarudi kwa mkulima. Bundi anakula panya, na panya ni adui wa mahindi, shambani na ghalani. Tena si mahindi tu. Jirani na Korogwe, Wilaya ya Lushoto ilisumbuliwa na milipuko ya tauni kuanzia mwaka 1980, kwa zaidi ya miaka 20. Tauni huenezwa na viroboto wa panya.

3. Kinyonga

Kwenye karata: Mabadiliko, kwenda na mazingira.

Huku: Mkosi. Jamii nyingi za Kibantu zinasimulia kwamba kinyonga alitumwa kuwaambia watu hawatakufa, akatembea polepole mno, na ujumbe wa kifo ukamtangulia. Wengi wanadhani ana sumu. Hana.

Milima ya Usambara ina vinyonga wasiopatikana kwingine kokote duniani. Baadhi wako kwenye kundi ambalo wanasayansi walilipa jina Kinyongia mwaka 2006, wakilitoa kwenye Kiswahili.

4. Fisi

Kwenye karata: Hayumo kwenye seti ya 1909. Seti za wanyama zinazomweka humpa maana ya ujanja na kujua kuishi kwenye shida.

Huku: Usafiri wa wachawi usiku. Kazi yake halisi porini ni kuwinda na kula mizoga, na mzoga ukiliwa mapema hauozi ukabaki kueneza magonjwa.

5. Kakakuona

Kwenye karata: Kujilinda, kwa sababu hujikunja kama mpira akitishwa.

Huku: Huyu ndiye aliye karibu zaidi na tarot. Sehemu mbalimbali za Tanzania, akionekana kijijini watu humtandazia vitu: maji, nafaka, silaha. Akielekea kwenye maji, mvua itakuwa nzuri. Akienda kwenye nafaka, mavuno. Akigusa silaha, vita au vurugu. Kwa Wasangu wa Mbeya mila zinazomhusu kakakuona zimeandikwa na watafiti.

Tatizo ni kinachofuata. Magamba yake husakwa kwa dawa na magendo, ingawa yameundwa kwa kitu kilekile kilichomo kwenye kucha za binadamu. Mwaka 2016 nchi wanachama wa mkataba wa CITES zilikubaliana kupiga marufuku biashara ya kimataifa ya aina zote nane za kakakuona. Tanzania, chini ya Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori ya mwaka 2009, kukutwa na mnyama huyo au magamba yake bila kibali ni kosa, na watu wanafungwa.

Karata na mnyama hai

Karata ya bundi ikitoka, inarudishwa kwenye pakiti na maisha yanaendelea. Bundi wa kweli akitafsiriwa vibaya anauawa. Hata binadamu wameumia: ramli ikimtaja jirani kuwa mchawi, ugomvi unaweza kufika kwenye damu. Mwaka 2015, baada ya mauaji ya watu wenye ualbino, serikali ilitangaza kuwapiga marufuku wapiga ramli chonganishi. Waganga wa tiba asili wanaruhusiwa, ila wanatakiwa kusajiliwa chini ya sheria ya mwaka 2002.

Ukikutana na kakakuona

Usimbebe wala usimfungie ndani. Toa taarifa ofisi ya kijiji au kwa afisa wanyamapori wa wilaya, ili arudishwe porini akiwa hai. Bundi akitua kwenye paa, mwache. Huenda amefuata panya.