Pingili ya Sita

Mgongo wa binadamu una pingili saba shingoni, 12 kifuani na tano kiunoni. Chini ya hizo tano kuna mfupa mpana uliokaa kati ya nyonga, ambao nao ni pingili tano zilizoungana mtu anapokua. Ndivyo tulivyofundishwa shuleni, na ndivyo ilivyo kwa watu wengi. Lakini si kwa wote.

Wapo waliozaliwa pingili yao ya tano ya kiuno ikiwa imeshikana na mfupa ule wa chini, upande mmoja au pande zote mbili, na ukihesabu unapata nne. Kwa wengine pingili ya juu kabisa ya mfupa ule imejitenga, nao wanaonekana kuwa na sita. Daktari wa Kiitaliano, Mario Bertolotti, alihusisha hali hiyo na maumivu ya kiuno mwaka 1917, miaka 22 tu baada ya Wilhelm Röntgen kugundua eksirei huko Ujerumani. Kabla ya hapo mambo hayo waliyaona wapasua maiti. Mwenyewe aliishi, akalima na akazikwa na mgongo wake bila kujua una nini.

Hesabu hii imewahi kuwatatiza hata mabingwa, tena hapa hapa Afrika Mashariki. Mwaka 1984 Mkenya Kamoya Kimeu, yule yule aliyegundua taya la kale kando ya Ziwa Natron hapa Tanzania mwaka 1964, aliona kipande kidogo cha fuvu karibu na mto Nariokotome, magharibi ya Ziwa Turkana. Wachimbaji wakafukua mifupa mingi ya mtoto wa kiume aliyekufa yapata miaka milioni 1.5 iliyopita. Katika kitabu cha utafiti huo kilichotoka mwaka 1993 ilielezwa kwamba mtoto huyo alikuwa na pingili sita za kiuno. Basi ikaaminika kwamba wazee wetu wa kale walikuwa na viuno virefu kuliko sisi. Wengine wakaja kusema mgongo wake ulikuwa na kasoro ya kuzaliwa.

Mwaka 2011 Martin Haeusler na wenzake walieleza vipande vingine vya pingili na mbavu vilivyotambuliwa, wakazipanga upya. Hesabu ikawa tano, kama yako na yangu. Mwaka 2013 Haeusler na Regula Schiess wakaikataa pia habari ya kasoro ya kuzaliwa. Walichokiona ni dalili kwamba kijana huyo aliwahi kuumia diski za kiuno. Kwa miaka 18, basi, pingili moja iliyohesabiwa vibaya ilikuwa sehemu ya historia ya binadamu.

Sasa twende Unyambwa, Singida. Chukua mkulima aliyeinamia jembe la mkono tangu utoto, kiuno kikamuuma miezi mitatu, akaenda mjini kupigwa picha. Anaambiwa kwa haraka: "Pingili yako moja imeungana." Anarudi na bahasha kwapani na neno hilo moja kichwani. Nyumbani linageuka kuwa ulemavu. Mkewe anaambiwa asitegemee tena nguvu za mumewe, na wazee wanaanza kuulizana nani kamroga. Hakuna aliyemwambia kwamba alizaliwa hivyo. Tafiti mbalimbali zimewakuta wenye hali hiyo kuanzia wanne katika kila watu 100 hadi zaidi ya 30, na wengi wao hawaumwi chochote. Huenda ndiyo inayomuuma; huenda kinachomuuma ni diski au misuli. Hoja ya Bertolotti yenyewe bado inabishaniwa na madaktari.

Wala tusiichanganye na mgongo wazi, ambapo mtoto huzaliwa na uwazi mgongoni. Huyo anatakiwa hospitali mara moja.

Hatari kubwa ipo siku ya kupasuliwa. Picha ya kiuno peke yake haionyeshi hesabu ilikoanzia. Daktari mmoja huhesabu kutoka juu, mwingine kutoka chini, na kwenye mgongo wa namna hii hutofautiana kwa pingili moja. Ripoti ikisema "ya nne" na mpasuaji akaielewa kwa hesabu yake, kisu chaweza kwenda mahali pazima. Ndiyo maana waangalifu huomba picha inayoanzia juu zaidi, hata shingoni, na huandika kwenye ripoti wamehesabu namna gani.

Mtu wa Unyambwa akitumwa kupiga picha ya emaraii, kwa mfano Hospitali ya Benjamin Mkapa, Dodoma, anasafiri zaidi ya kilometa 200. Bahasha ile ya zamani ya eksirei aende nayo, hata akiambiwa imepitwa na wakati, na amwombe daktari aziweke picha hizo mbili pamoja azihesabu mbele yake.