Watu wa Dilolo Waenda Bagamoyo

Kwetu Dilolo bahari iko mbali pande zote mbili. Ukishika reli kwenda magharibi, utapita Angola yote, kilometa zaidi ya 1,300, ndipo ufike Lobito. Ukielekea mashariki njia ni ndefu zaidi tena: Kolwezi, Likasi, Kasumbalesa, kisha nchi ya Zambia, kisha Tunduma, na Tanzania kutoka mwanzo mpaka mwisho. Hiyo ndiyo njia ya malori ya shaba siku hizi. Basi wengi wetu tumezaliwa, tumefunga ndoa na tumezika wazazi wetu bila kuonja maji ya chumvi.

Tulikuwa watu tisa wa parokia moja. Wengi walikuwa wamekuja Dar es Salaam kununua vitenge. Tulipoambiwa tungoje siku tatu mpaka mzigo uwe tayari, mwalimu mmoja kati yetu alisema: “Kwa nini tulale bure? Twende Bagamoyo tukaone mambo ya kale, turudi jioni.” Tukakodi gari dogo, tukaondoka saa kumi na mbili asubuhi na chai yetu katika chupa. Njia ni kilometa kama 70 kuelekea kaskazini.

Tulianzia Kaole, kilometa tano hivi kusini ya Bagamoyo, kwa sababu ndipo palipo pa zamani zaidi, na pia tulitaka kupaona kabla ya jua kali. Pale pana magofu ya misikiti miwili na makaburi mengi, yote yamejengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa. Wataalamu husema msikiti ulio wa kale zaidi ni wa karne ya 13. Makaburi mengine yana nguzo ndefu za mawe, na katika nguzo waona mashimo ya mviringo. Humo zamani walitia bakuli za Kichina, ziwe pambo na heshima kwa marehemu. Bakuli za kutoka China, wasomaji! Sisi tulidhani biashara ya Wachina ni jambo la juzi tu.

Bahari yenyewe hatukuiona pale. Mikoko imeota ikajaza bandari, maji yamesogea mbali, na mji uliotegemea majahazi ulikufa polepole. Hata ukuta wa mawe hauwezi kumzuia mvuvi asihame na ngalawa yake. Tulitembea kwa ukimya, maana ni nyumba ya sala na ni makaburi ya watu, ingawa dini yao si yetu.

Ndipo mwalimu akauliza: “Wakati hawa walipokuwa wakijenga, sisi tulikuwa wapi?” Wengine walicheka. Lakini swali hilo lina jibu, na jibu limo ardhini mwetu. Kando ya Ziwa Kisale, mto Lualaba unapotanuka katika mabwawa ya Upemba, pana mahali paitwapo Sanga. Mwaka 1957 na 1958 wataalamu walichimba pale makaburi ya kale, na wengine wakachimba tena mwaka 1974. Walikuta watu waliozikwa kwa heshima kubwa, wamezungukwa na vyungu vizuri sana, na vyombo vya chuma, na mapambo ya shaba. Makaburi mengi ni ya kati ya karne ya 8 na karne ya 14, maana yake watu wa Sanga na watu wa Kaole waliishi chini ya jua lile lile, wakati mmoja. Tena katika makaburi mengine ya Sanga zilionekana kauri. Kauri hazizaliwi katika maziwa yetu. Hutoka Bahari ya Hindi. Basi kombe dogo la bahari hii lilipanda mpaka Lualaba kabla ya Mzungu yeyote kukanyaga nchi. Si lazima mtu mmoja alilibeba njia yote. Kijiji kilikipa kijiji, soko likalipa soko, mpaka likafika katika mkono wa mtu aliyezikwa nalo.

Katika makaburi ya baadaye vilionekana pia vipande vya shaba vyenye umbo la msalaba. Wengine kati yetu walifurahi mno kusikia hivyo. Tuwaambie kweli: si msalaba wa Bwana wetu. Ilikuwa fedha ya zamani, na mahari, na mali ya wakubwa.

Saa nne tulifika misioni. Unaingia kwa njia ndefu yenye miembe mikubwa pande zote mbili, na kivuli chake ni baridi kama ndani ya kanisa. Padre Fava alifika Zanzibar kutoka kisiwa cha Réunion mwaka 1860. Mapadre wa Roho Mtakatifu walimfuata mwaka 1863, na mwaka 1868, wakiongozwa na Padre Horner, walivuka wakaanza Bagamoyo. Wakajenga kijiji cha watu waliokombolewa. Mwanzoni waliwanunua watoto kwa fedha katika soko la watumwa la Zanzibar. Baadaye walipokea pia watu walionyang'anywa baharini na meli za Waingereza. Soko lile lilifungwa mwaka 1873.

Hapo mama mmoja aliuliza jambo lililotusimamisha: “Aliyemnunua mtoto ili amwokoe, je, hakumpa muuzaji fedha ya kwenda kukamata mwingine?” Ni swali la haki. Tena maisha ya kijiji kile yalikuwa ya kengele na kazi na amri nyingi, na wengine walitoroka. Lakini mtoto aliyesimama sokoni siku ile hakuweza kungoja mpaka sheria ibadilike. Sisi hatukuthubutu kuwahukumu wale mapadre, wala hatukumkemea mama yule.

Mwezi wa Aprili 1872 tufani kubwa ilibomoa majengo ya misioni, wakaanza upya. Kanisa kubwa la sasa lilijengwa kati ya 1910 na 1914. Pana pia mbuyu mkubwa uliopandwa mwaka 1868, na katika shina lake kimebaki kipande cha mnyororo. Wageni wengi hudhani ni mnyororo wa watumwa, nao hupiga picha kwa huzuni. Masimulizi ya misioni ni mengine: bibi mmoja Mfaransa alifunga punda wake pale mwaka 1895, na mti ukakua ukaumeza mnyororo. Mwenzetu mmoja alikuwa amekwisha kutoa machozi. Tulimcheka kidogo.

Lakini kilichotugusa sana sisi watu wa Dilolo ni mnara wa kanisa la kwanza. Mwajua kwamba Livingstone alipita kando ya Ziwa Dilolo, ng'ambo ya mpaka upande wa Angola, mwezi wa Februari 1854, akienda Luanda. Tena mwaka 1855 alipokuwa akirudi. Pale aliona kwamba maji mengine huenda kaskazini kuelekea Kasai, na mengine kusini kuelekea Zambezi. Wazee wetu hutaja jina lake kama jina la mpita njia tu. Basi mpita njia huyo alikufa Chitambo, katika nchi ya Zambia ya leo, tarehe 1 Mei 1873. Watumishi wake, akina Susi na Chuma, walizika moyo wake pale chini ya mti, wakaukausha mwili, wakaubeba. Walitembea miezi tisa, zaidi ya kilometa 1,500, wakipita nchi za watu walioogopa maiti. Mwezi wa Februari 1874 waliufikisha Bagamoyo, nao ukalala usiku mmoja katika misioni hii ya Kikatoliki, ingawa yeye alikuwa Mprotestanti. Kisha ukavushwa Zanzibar, na tarehe 18 Aprili ukazikwa Westminster Abbey, London. Miaka ishirini kamili baada ya kupita kwetu, alifika hapa mabegani mwa watu weusi.

Tulikula chakula chini ya miembe, na hapo ukazuka ubishi juu ya jina la mji. Wengine husema ni “bwaga moyo”, kwa sababu mtumwa akiiona bahari alijua hatarudi tena kwao, akautupa moyo wake. Wengine husema ni neno la wapagazi: tumefika, tua mzigo, moyo upumzike. Sisi twaelekea upande wa wapagazi, kwa kuwa walikuja kwa maelfu kila mwaka na pembe mabegani, wakiimba, na majina ya vituo vya njiani huwa ni mali ya wapagazi. Lakini mpagazi mwenyewe mara nyingine alitembea msafara mmoja na watu waliofungwa.

Kutoka hapo mazungumzo yalikuwa mazito. Kati yetu walikuwamo Walunda, Wachokwe, Waluba, na mama mmoja wa Kiyeke. Watu waliokamatwa katika nchi ya Dilolo wengi wao hawakuletwa Bagamoyo. Walipelekwa magharibi, Benguela na Luanda. Brazil ilipiga marufuku kuingiza watumwa mwaka 1850, hata hivyo watu waliendelea kuuzwa ndani ya nchi kwa miaka mingi baadaye. Nani aliwauza? Tukitaka kusema kweli, si wageni peke yao. Misafara ya Wachokwe yenye bunduki iliiteka nchi ya Walunda, na kabla yake wakuu wa Kilunda nao walikuwa wamewatoa watu wao kwa nguo na baruti. Tulisema hayo kwa sauti, Mlunda na Mchokwe wakiwa wamekaa mkeka mmoja na kula ndizi za sahani moja. Kwa muda hakuna aliyeongea.

Na Msiri je? Huyu alizaliwa katika watu wa Unyamwezi, mwana wa Kalasa aliyefanya biashara ya shaba. Kati ya miaka ya 1850 na 1860 alijipatia utawala katika Katanga, akakaa Bunkeya. Aliuza shaba, pembe na watu, mashariki na magharibi. Mwezi wa Julai 1891 Kapteni Stairs, aliyetumwa kwa faida ya Mfalme Leopold wa Ubelgiji, aliondoka pwani hii ya Bagamoyo na watu kama 400, wengi wao wapagazi na askari wa Zanzibar na pwani. Tarehe 20 Desemba Msiri alipigwa risasi, na Kapteni Bodson aliyempiga naye akafa. Mama wa Kiyeke alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema tu: “Kumbe walianzia hapa.” Akaondoka akaenda kutazama bahari peke yake.

Njia hiyo hiyo ilileta mambo mengine pia. Mwezi wa Juni 1878 msafara wa kwanza wa Mapadre Weupe uliondoka Bagamoyo kwenda maziwa makuu. Mwaka 1885 walishika Mpala, kando ya Ziwa Tanganyika, na kutoka nchi ile alitokea Stefano Kaoze, Mkongo wa kwanza wa nyakati hizi kupewa upadre, mwaka 1917. Kwetu Lualaba, Injili ililetwa hasa na Wafransisko, kwa njia nyingine kabisa. Lakini lugha tunayosalia Baba Yetu ilipanda kutoka pwani hii, midomoni mwa wapagazi, wauza watu na makatekista. Haikuchagua midomo. Watu wa Bagamoyo walitabasamu tulipoomba “mayi” ya kunywa, hata hivyo maji waliyaleta.

Jioni tulishuka ufukoni, pale uliposimama msalaba wa ukumbusho wa kufika kwa wamisionari. Maji yalikuwa yanajaa. Tulivua viatu tukaingia mpaka magotini, wazee na vijana, na kila mmoja alionja. Mama wa Kiyeke alikuwa ameokota kauri mbili ndogo, akazifunga katika pembe ya kitenge.

Katika gari, gizani, mwalimu aliuliza nani kati yetu amekwisha kufika Bunkeya. Hakuna aliyeinua mkono. Bunkeya iko katika jimbo letu la Lualaba, nasi tulikuwa tumevuka nchi mbili kuja kusikia habari zake. Tumepatana kwenda baada ya mvua, Mungu akitujalia, na mama yule ndiye atakayetuongoza.