Kwa nini kazi ya ‘wiki mbili’ inamaliza miezi? Jinsi ya kukadiria muda wa kazi ya timu

Mteja anauliza, “Itaisha lini?” Mnaangaliana, kisha mmoja anajibu, “Wiki mbili tu, bosi.” Wiki ya tano simu za mteja hazipokelewi, na timu inakesha bila malipo ya ziada.

Si lazima muwe wazembe. Mwaka 1979 wanasaikolojia Daniel Kahneman na Amos Tversky walieleza tabia hii: tukipanga kazi tunaiona njia imenyooka, tunasahau kazi zilizopita zilikwama wapi. Jumba la Sydney Opera House nchini Australia lilitarajiwa kukamilika 1963. Lilifunguliwa 1973, na gharama zilipanda kutoka dola milioni 7 za Australia hadi milioni 102.

Basi mfanyeje?

1. Ivunje kazi vipande

“Kutengeneza tovuti ya duka” ni kazi kubwa mno kuikadiria kwa mkupuo. Igawe: kupiga picha za bidhaa, kuandika maelezo, kuunganisha malipo ya simu, kufanya majaribio, kurekebisha. Kipande kikizidi siku tatu au nne, kigawe tena. Na anayekadiria awe yule atakayekifanya, siyo bosi peke yake.

2. Toa makadirio matatu

Kwa kila kipande uliza: mambo yakienda vizuri ni siku ngapi? Kwa kawaida? Yakiharibika? Zidisha ile ya kawaida mara 4, jumlisha zote, gawa kwa 6.

Mfano, kuunganisha malipo: siku 2, 4 na 12. Yaani 2 + 16 + 12 = 30. Gawa kwa 6, unapata siku 5. Hesabu hii inatokana na mbinu ya PERT, iliyobuniwa miaka ya 1950 kwa mradi wa makombora wa jeshi la majini la Marekani.

3. Siku za kazi siyo siku za kalenda

Hapa ndipo wengi wanapopotea. Tuseme vipande vyote vinahitaji siku 60 za kazi ya mtu mmoja, na mko watatu. Haraka haraka utasema siku 20, yaani wiki nne.

Lakini kama kila mmoja ana shughuli nyingine na anaipa kazi hii siku tatu tu kwa wiki, timu inatoa siku 9 kwa wiki. 60 gawa kwa 9 ni karibu wiki saba. Hapo bado hujaweka sikukuu, ugonjwa na mteja anayechelewa kujibu.

4. Angalia kipi kinasubiri kipi

Zege kwa kawaida hupimwa nguvu yake kamili siku ya 28. Hata ukiongeza mafundi kumi, halitawahi. Kila kazi ina “zege” lake: kibali, sahihi ya mteja, mzigo ulioko njiani. Viandike mapema.

5. Usikimbilie kuongeza watu

Fred Brooks, aliyesimamia utengenezaji wa programu kubwa IBM, aliandika mwaka 1975 kuwa kuongeza watu kwenye mradi wa programu uliochelewa kunauchelewesha zaidi. Wageni wanahitaji kufundishwa, na wa kuwafundisha ni walewale waliolemewa. Mawasiliano nayo yanaongezeka: watu 5 wana njia 10 za kuongea wawili wawili, watu 10 wana 45.

Mteja umwambie nini?

Mpe tarehe mbili: ile mnayoilenga, na ile ambayo hata mambo yakienda vibaya mtakuwa mmemaliza. Malipo na mkataba vifuate ile ya pili. Kisha kila wiki linganisha mlichokadiria na kilichotokea, muandike.

Daftari hilo ndilo litakalowapa jibu la kweli mteja mwingine akiuliza, “Itaisha lini?”