Maneno ya rangi katika Kiingereza

Maneno ya rangi katika Kiingereza ni maneno ambayo lugha hiyo hutumia kutaja rangi za vitu, pamoja na matumizi yake mengine katika misemo ya kila siku. Mwaka 1969 wataalamu wa Marekani Brent Berlin na Paul Kay walionyesha kwamba Kiingereza kina maneno ya msingi 11 ya rangi. Kwa msemaji wa Kiswahili si vigumu kuyakariri. Ugumu uko katika mipaka yake, kwa sababu hailingani daima na ile ya rangi za Kiswahili.

Orodha

* black: -eusi
* white: -eupe
* red: -ekundu
* green: kijani
* yellow: njano
* blue: buluu, samawati
* brown: kahawia, hudhurungi
* orange: rangi ya machungwa
* pink: waridi
* purple: zambarau
* grey: kijivu

Asili

Kiswahili kina vivumishi vya asili vitatu tu vya rangi: -eupe, -eusi na -ekundu. Rangi nyingine nyingi zimepewa majina ya vitu: kijani kutokana na jani, kijivu kutokana na jivu, kahawia kutokana na kahawa, zambarau kutokana na tunda. Kiingereza nacho kimepita njia hiyo kwa baadhi ya maneno. “Orange” lilikuwa jina la chungwa kabla ya kuwa jina la rangi, na “pink” lilikuwa jina la ua. “Purple” linatokana na jina la Kigiriki la konokono wa baharini aliyetoa rangi ya kutia nguo.

Matumizi katika sentensi

Kivumishi cha rangi hukaa kabla ya nomino, tena hakibadiliki kwa ngeli wala kwa wingi. Gari jekundu ni “a red car”. Magari mekundu ni “red cars”. Kosa la kuandika “reds cars” hutokana na mazoea ya upatanisho wa Kiswahili. Rangi inaweza pia kufuata kitenzi, kama katika “the car is red”.

Vivumishi vikiwa vingi, ukubwa hutangulia, kisha rangi, kisha kitu kilichotumika kutengenezea: “a big black leather bag”, yaani mfuko mkubwa mweusi wa ngozi.

Rangi iliyokolea huonyeshwa kwa “dark” na iliyofifia kwa “light”, kama “dark green” na “light blue”. Kiambishi “-ish” huonyesha rangi inayoelekea nyingine: “reddish” ni yenye wekundu kidogo.

Mipaka isiyolingana

Makosa mengi hutokea hapa. Ng'ombe mwekundu kwa kawaida ni “a brown cow”. Chai ya rangi ni “black tea”, nayo kahawa yenye maziwa huitwa “white coffee” huko Uingereza. Taa ya njano ya barabarani huitwa “amber” na Waingereza, yaani rangi ya kaharabu, lakini Wamarekani husema “yellow”.

Uangalifu zaidi unatakiwa katika kueleza watu. Mswahili akisema “dada yangu ni mweupe”, mara nyingi ana maana kwamba ngozi yake si nyeusi sana. Akiandika “my sister is white”, msomaji wa Kiingereza ataelewa kwamba dada huyo ni Mzungu. Inafaa kuandika “light-skinned”. Mtu wa maji ya kunde ni “brown-skinned”. Katika maelezo ya mtu aliyepotea, kosa hilo linaweza kuwafanya watu wamtafute asiyekuwa yeye.

Misemo

Katika misemo, rangi haitafsiriwi neno kwa neno:

* “to feel blue”: kuwa na huzuni
* “to see red”: kukasirika sana
* “green” (kwa mtu): asiye na uzoefu
* “out of the blue”: ghafla, bila kutazamiwa
* “black market”: soko la magendo
* “white lie”: uongo mdogo usiokusudiwa kudhuru
* “red tape”: urasimu, hati za serikali zilifungwa kwa utepe mwekundu
* “in the red”: kuwa na deni au hasara, wahasibu waliandika hasara kwa wino mwekundu

Tahajia

Waingereza huandika “colour” na “grey”, Wamarekani “color” na “gray”. Shule za Afrika Mashariki hufuata kwa kawaida tahajia ya Kiingereza cha Uingereza. Mwanafunzi achague moja na kuifuata kutoka mwanzo hadi mwisho wa andiko lake.