Sharubati isiyogeuka: kinywaji cha matunda cha nyumbani na saa zake

Mimi ni mzaliwa wa Mombasa, ila kazi imenileta huku Amalemba, mjini Kakamega, na huu ni mwaka wangu wa nne. Aliyezoea joto la pwani akifika huku hudhani kwamba vitu haviharibiki upesi, maana asubuhi ni baridi na maji ya bomba yanauma meno. Nami nilidhani hivyo, na dhana hiyo ndiyo iliyoniponza.

Mdogo wangu wa kiume alikuja kukaa nami baada ya kuacha pombe. Kule nyumbani kila kona ina rafiki wa zamani, basi mama akaona afadhali awe mbali kidogo. Alipotimiza miezi minane bila ya kugusa tone, aliniambia kwamba shida yake si kiu. Shida ni mkono. Kwenye harusi za wenzake wa kazini kila mtu ana glasi yenye rangi na barafu, yeye ana chupa ya maji, na hakuna asiyemuuliza mbona hanywi. "Dada, nitengenezee kitu kizuri cha kushika," akasema.

Nikamtengenezea sharubati ya nanasi na tangawizi. Majirani wakaonja, wakasifu, wakaomba tena. Wazee walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Mimi sikutia maji, lakini sifa zilinifanya mzembe. Tulipokuwa na akika ya mwanangu siku ya Jumamosi, nilitengeneza lita tano tangu Alhamisi. Friji ilikuwa imejaa nyama, kwa hivyo dumu nikaliweka kabatini jikoni. Nilipolifungua likapiga mluzi, povu likapanda. Nikafurahi, nikaona gesi imekuja yenyewe bila ya gharama.

Mdogo wangu alikuwa wa kwanza kuonja. Alipiga funda moja dogo, akaliweka bilauri chini taratibu. "Dada, hii imeshageuka." Ulimi wa mtu aliyeacha pombe hausahau. Nilimwaga lita zote tano nyuma ya nyumba na wageni wakanywa chai. Hakuna aliyenilaumu, lakini usiku ule sikulala. Miezi minane ya mtu ilikuwa nusura iharibike kwa mkono wangu, ndani ya nyumba alimokuja kukimbilia usalama.

Tangu hapo nimejifunza kinywaji hiki mwanzo hadi mwisho, na ninayaandika haya ili asiangukie mwingine.

Tunachokiiga ni nini

Madukani mna chupa za rangi za kupendeza zinazoitwa "wine cooler". Asili yake ni mvinyo mwepesi uliochanganywa na juisi ya matunda, sukari na maji yenye gesi. Kilivuma Marekani katika miaka ya 1980, kampuni ya California Cooler ikiwa miongoni mwa walioanza. Mwaka 1991 kodi ya mvinyo ilipopanda huko, watengenezaji wengi walihamia pombe ya kimea, ladha ya matunda ikabaki juu tu. Kwa kawaida kina kileo cha asilimia 4 hadi 6. Utamu wake hukificha kileo hicho, na ndiyo sababu vijana wengi hukichukulia kama soda.

Uzuri wake una mambo manne: uchachu, utamu kidogo, gesi, na ule ukakasi unaokausha ulimi. Yote manne yanapatikana bila ya mvinyo. Uchachu unatoka kwenye ndimu na pasheni, utamu kwenye nanasi, gesi kwenye chupa ya maji. Ukakasi ndio watu wengi huusahau, na juisi yao ikawa tamu kama ya mtoto. Dawa yake ni chai ya rangi iliyokolea. Majani ya chai yana ukakasi wa jamii moja na ule wa maganda ya zabibu.

Kwa nini juisi hugeuka

Sisi watu wa pwani tungepaswa kulijua hili kuliko wote. Tembo la mnazi likigemwa asubuhi ni tamu, jioni ni kali, na hakuna aliyetia kitu. Hamira za porini ziko hewani, kwenye ngozi ya tunda, kwenye mwiko na kwenye mdomo wa dumu. Zikipata sukari na vuguvugu huila sukari ile na kutoa vitu viwili: kileo na gesi. Huku Kakamega akina mama wanaopika busaa kwa unga wa mahindi na kimea cha wimbi wanaijua kazi hiyo vizuri. Tofauti ni kwamba wao wanakusudia.

Piga hesabu. Takriban gramu 17 za sukari katika lita moja zikiliwa zote na hamira huzaa asilimia 1 ya kileo. Juisi ya nanasi ina karibu gramu 100 za sukari kwa lita, hata kabla hujaongeza kijiko. Maana yake, juisi hiyo ikiachwa hadi mwisho inaweza kukaribia asilimia 6. Ni kiwango kile kile cha chupa ya dukani tuliyokuwa tunaikwepa.

Baridi ya Kakamega haizuii. Hamira hufanya kazi vizuri kwenye nyuzi 20 hadi 30, na jikoni mwangu mchana ni humo humo. Pwani mambo huenda kasi zaidi, huku huenda polepole, lakini huenda. Friji ya nyuzi 4 huzichelewesha sana, ila haiziui.

Vinavyohitajika, kwa bilauri nane

- Nanasi 1 kubwa lililoiva
- Pasheni 6, wengine huziita karakara
- Majani ya chai vijiko 2 vidogo, na maji nusu lita
- Tangawizi kipande cha urefu wa kidole
- Iliki punje 4 na kijiti 1 cha mdalasini
- Ndimu 3
- Sukari vijiko 2 hadi 4, ukipenda
- Maji yenye gesi yasiyotiwa sukari, lita 1, yawe baridi sana
- Barafu

Namna ya kutengeneza

1. Osha nanasi kabla ya kulimenya, maana hamira nyingi ziko kwenye ganda. Likatekate, lisage na tangawizi, kisha chuja.

2. Tia juisi kwenye sufuria pamoja na iliki, mdalasini na sukari. Ichemke kwa dakika tano. Kakamega iko juu ya bahari kwa takriban mita 1,500, kwa hivyo maji huku huchemka kwenye nyuzi 95 hivi badala ya 100. Usijali, hamira hufa kabla ya hapo.

3. Chemsha maji ya chai pembeni, tia majani, funika dakika tano, chuja. Ukizidisha muda ukakasi unageuka kuwa uchungu.

4. Changanya juisi na chai, funika, acha ipoe. Kisha weka kwenye friji ndani ya jagi lililosafishwa kwa maji ya moto. Huu ndio msingi wako.

5. Wageni wakishafika, kamulia ndimu, tia rojo la pasheni, kisha mimina maji yenye gesi taratibu ubavuni mwa jagi. Pasheni haipikwi kwa sababu hupoteza harufu. Lakini ikiwa mbichi hurudisha hamira ndani, kwa hivyo ikishaingia, kinywaji ni cha kumalizwa siku hiyo hiyo.

Saa zake

Msingi uliochemshwa, kwenye friji, mimi huupa siku mbili. Umeme ukikatika usiku kucha, ninauhesabu kuwa umekwisha. Ukishachanganywa na pasheni, saa chache tu, na kilichobaki hakirudishwi kwenye friji.

Katika Sahihi Muslim imepokewa kwamba Mtume (s.a.w.) alikuwa akirowekewa zabibu kavu, akinywa siku ile, ya pili, hadi jioni ya tatu, kisha kinachobaki humwagwa au hunyweshwa mtu mwingine. Wala asitumie mtu siku hizo tatu kama ruhusa ya kuacha juisi ya nanasi kwenye joto la Mombasa. Funzo ninalolichukua mimi ni kwamba kinywaji kitamu huwekewa muda.

Dalili za kugeuka ni hizi: povu au vipovu usivyovitia wewe, kifuniko kinachopiga mluzi, dumu lililovimba, harufu ya mkate unaoumuka, na utamu uliopungua huku ulimi ukichoma. Ukiona moja, mwaga. Usichemshe upya ukidhani umeokoa. Hujui kileo kilichobaki. Wala usifunge juisi mbichi kwenye chupa ya kioo na kuiacha nje, gesi inaweza kuipasua na kumjeruhi mtu.

Jambo la mwisho ni la adabu kuliko upishi. Ukimkaribisha mtu aliyeacha pombe, mwambie yaliyomo kabla hajauliza, na umwambie umetengeneza lini. Hata chupa za dukani zilizoandikwa kwamba hazina kileo, katika nchi kama Marekani huruhusiwa kuwa nacho chini ya asilimia 0.5. Mwenye kulinda siku zake ana haki ya kujua.

Siku hizi jagi la nyumbani ni la mdogo wangu. Hulibandika plasta ubavuni na kuandika saa kwa kalamu: "Jumamosi, saa nane mchana". Wageni humcheka, yeye huwamiminia, kisha hujimiminia yake na kukaa nao hadi mwisho wa shughuli, glasi mkononi.