Hilary Ng'weno na Mlolongo wa Historia ya Kenya

Neno mlolongo lina makazi mawili katika kumbukumbu ya Wakenya. Kuna mji wa Mlolongo, Machakos, kando ya barabara kuu ya Mombasa, ambao jina lake huhusishwa na malori yaliyosubiri zamu mizanini. Pia kuna mchujo wa KANU wa mwaka 1988, ambapo wapigakura walisimama nyuma ya wagombea au mawakala wao, na aliyepata asilimia 70 au zaidi akapita bila kura ya siri. Mstari mrefu ulitangazwa kuwa mfupi mchana kweupe. Utaratibu huo uliachwa baada ya kamati ya George Saitoti kukusanya maoni mwaka 1990. Lakini suala la nani alihesabu, na nani angesimulia, halikufutika.

Miongoni mwa waliojitwika jukumu la kusimulia ni Hilary Ng'weno (1938–2021). Alisomea fizikia Harvard, na katika miaka ya 1960 akawa Mwafrika wa kwanza kuwa mhariri mkuu wa Nation. Mwaka 1973, akiwa na mchoraji Terry Hirst, alianzisha Joe, jarida la kejeli. The Weekly Review lilifuata mwaka 1975, majuma machache tu kabla ya kuuawa kwa J. M. Kariuki, na ni kifo hicho kilicholipa jarida hilo changa mtihani wake wa kwanza. Mtindo wake ulijengeka hapo: sentensi tulivu, uzito wa ushahidi, hukumu iliyofichwa katika mpangilio wa habari badala ya kutamkwa.

Utulivu huo ulikuwa na gharama. The Nairobi Times, lililoanza mwaka 1977, lilielemewa kifedha, na mwaka 1983 likauzwa kwa KANU na kugeuka The Kenya Times. Wapo waliomwona Ng'weno kuwa mwangalifu kupita kiasi. Shutuma hiyo ina mashiko, ijapokuwa inasahau kwamba jarida lililofungwa haliachi kumbukumbu. Mtafiti wa siasa za miaka ya 1980 bado hana budi kuzifungua kurasa za The Weekly Review, lililodumu hadi 1999.

Baada ya kuanzisha kituo cha televisheni cha STV katika miaka ya 1990, Ng'weno alihamishia uhariri wake kwenye filamu za kihistoria, The Making of a Nation na Makers of a Nation. Mkono ni ule ule: picha huwekwa kando ya picha, na mtazamaji huachiwa kuunga. Hata hivyo, anwani ya pili yaonyesha mipaka yake. Taifa huundwa na watu mashuhuri kama Mboya na Pinto. Umati huwa mandhari. Tena simulizi ni ya Kiingereza, ilhali tukio la 1988 lilipewa jina na Kiswahili, na hata waandishi wa Kiingereza waliliacha bila kulitafsiri.